Kumuaga Mama Mukandutiye, Aliyetuahidi Tarehe

Mheshimiwa mwakilishi wa serikali ya sekta yetu, uliyefika kwa saa uliyoandikiwa ukatukuta sisi wenyeji bado tunapiga pasi. Mchungaji wetu, uliyeombea chakula kabla hujakiona. Bwana Mwenyekiti Rutagengwa. Wageni wetu wa Goma mliovuka asubuhi mpaka wa Petite Barrière na kupanga mstari kama siku ya kazi. Wanakikundi wenzangu wa Twizerane, nami tukiwa thelathini. Na wewe Mama Mukandutiye, ambaye nalazimika kukutaja mwisho kwa sababu tangu wiki mbili zilizopita huna cheo: Bwana asifiwe.

Nimepewa dakika kumi. Mwenyekiti ameniambia, “Papa Belise, sifu kidogo, halafu tukule.” Nitasifu. Kuhusu kula, tutaona. Nimeandika kwa Kiswahili ili wageni wa ng'ambo wasikae wakitabasamu bila kujua wanachotabasamia. Makosa mtanisamehe. Shule yangu iliishia darasa la sita kule Masisi, na mwalimu wangu wa hesabu mwenyewe alikuwa anaogopa sehemu.

Wageni, mnaliona lile sanduku la chuma pale mezani, limefunikwa kitambaa kama mtoto wa ubatizo? Lina kufuli tatu. Ufunguo mmoja ulikaa kwa mwenyekiti, wa pili kwa mtunza hazina, yaani Mama huyu, na wa tatu shingoni mwangu. Kila Alhamisi tulilifungua mbele ya wote, tukahesabu faranga mbele ya wote, kila mtu akaona kwa macho yake, tukafunga. Pesa iliyoonekana ndiyo tuliyoiita pesa. Na mimi, mtu wa darasa la sita, nilikuwa natembea mjini nikijua kwamba bila shingo yangu hakuna anayekula. Mungu anisamehe, hata kanisani niliuvaa juu ya shati.

Sasa mwezi wa tatu wa mwaka 2021, mpaka ulikuwa umefungwa mwaka mzima kwa sababu ya ugonjwa, na mnakumbuka tulivyokuwa. Wauza samaki wa sambaza wanauziana wenyewe kwa wenyewe. Sandukuni kulikuwa na milioni sita, akiba ya miaka mingi, imelala chini ya kitanda cha Rutagengwa. Mama huyu akasimama na kanga yake inayonuka samaki, akasema tununue hati fungani ya serikali, ya miaka mitano.

Rutagengwa akauliza, “Hati ya nini?”

“Serikali inakopa,” akasema Mama. “Sisi tunaikopesha milioni sita. Kila miezi sita inatulipa riba, ile ile, haipandi, haishuki. Miaka mitano ikiisha inaturudishia milioni sita yetu yote.”

“Donc sisi ndio tutakuwa tunadai serikali?”

“Yego, ndiyo.”

“Na ikikataa kulipa? Mi nitaenda kugonga mulango ya nani?”

Mlicheka sana, nawakumbuka. Mimi nilicheka kuliko wote, kwa sababu nilishaona kinachokuja: pesa ikienda Kigali, ufunguo wangu unafunga nini? Tulipiga kura, kumi na sita wakakubali, kumi na wanne tukakataa. Benki ikauliza nani watasaini kwa niaba ya kikundi, tukawapa wale wale wa funguo. Sahihi tatu badala ya kufuli tatu: mwenyekiti, mtunza hazina, na mimi. Lishikeni hilo la sahihi tatu, tutalirudia.

Niwaambieni siri ambayo hata Mchungaji haijui. Nilifunga na kuomba ile pesa ipotee. Si siku nzima, kifungua kinywa nilikunywa, lakini kuanzia saa nne nilifunga kweli. Nilitaka Mungu anionyeshe kuwa nilikuwa sahihi. Je, si ndivyo tunavyoomba wengi wetu, tukimwita Baba huku tunamtaka awe shahidi wetu?

Mwezi wa tano hatukuweza kuvumilia. Tulituma ujumbe wa watu watatu kwenda Kigali kuangalia kama pesa yetu bado ipo. Rutagengwa, mimi, na Uwera aliyekuwa mwandishi wakati huo. Basi kwenda na kurudi, chumba cha kulala, brosheti za nyama na ndizi za kuchoma kwa sababu ujumbe hauwezi kurudi na njaa: elfu tisini na sita, kutoka mfuko wa wagonjwa. Tukafika kwa yule dada wa benki, mpole, amevaa miwani.

“Tumekuja kuona pesa yetu,” nikasema.

“Haiko hapa, papa.”

Rutagengwa akashika ukuta. “Iko wapi?”

“Imekopeshwa serikali. Ndiyo maana mlinunua hati.”

“Yote?”

Akageuza kompyuta yake, tukaona jina la Twizerane na namba. Rutagengwa akaomba ruhusa ya kugusa kioo, akakigusa. Uwera akapiga picha. Tukaomba karatasi yenye muhuri, dada akatuchapia taarifa ya akaunti, ambayo kesho yake angeweza kumchapia mwingine, na kesho kutwa mwingine. Sisi tukairudisha huku kwetu Gisenyi kama sanduku la agano. Tukaipeleka kuwekewa plastiki. Na kisha, wageni wetu wapendwa, msicheke kwa sauti, tukaifungia ndani ya lile sanduku, kwa kufuli tatu.

Imo hadi leo. Kwa miaka minne na nusu nimelinda kwa shingo yangu karatasi ambayo mwizi akiiba, tunaenda kuchapiwa nyingine bure.

Na pesa ilifanya nini? Mwezi wa tisa ilileta laki tatu na elfu kumi na tatu na mia tano, kodi imeshakatwa. Mwezi wa tatu, laki tatu na elfu kumi na tatu na mia tano. Mwezi wa tisa tena, ile ile. Mlianza kulalamika kwamba inachosha! Yule jirani yangu wa pale nyuma, sitamtaja, amevaa kofia ya kijani, alisema, “Hii pesa haina furaha.” Viazi vya Bugeshi vilipopanda bei mkamwendea Mama kwa hasira: mbona riba haipandi kama viazi? Na mlikuwa na haki kidogo, niseme ukweli. Elfu kumi ya mwaka ule haikujaza gunia kama elfu kumi ya mwaka wa kwanza. Mama hakubisha. Alisema neno moja, nililiandika nyuma ya daftari la nyimbo:

“Mimi sikuwaahidi utajiri. Niliwaahidi tarehe.”

Januari mwaka huu, wageni wetu mnajua kuliko sisi. Milio ya risasi ng'ambo, watoto wenu ndani ya nyumba zetu, magodoro hadi jikoni, na biashara imekufa wiki kwa wiki. Nani aliyekuwa na tarehe mfukoni? Mwezi wa tatu ikaja, ile ile isiyo na furaha, elfu kumi na mia nne na hamsini kwa kila mwanakikundi. Yule wa kofia ya kijani alinunua unga, na niliona furaha usoni mwake kwa macho yangu.

Sasa nisifu vipaji vingine vilivyomo humu, isionekane napendelea. Nimsifu Ndugu Jado, shemeji wa mwenyekiti, aliyekaa meza ya mbele na viatu ambavyo naviheshimu. Jado ana mradi. Unatoa asilimia kumi kila mwezi, na hauna hasara. Nilimuuliza, “Jado, hiyo kumi inatoka wapi?” Akanijibu kwa upole, “Papa Belise, ile ni système. Iko inajiendesha.” Mwaka juzi pia alikuwa na mradi, nao ulijiendesha. Ulijiendesha ukaenda na laki nne zangu.

Laurence, mke wangu, nakuona pale mstari wa tatu. Ndiyo. Hazikuibwa sokoni. Tutaongea nyumbani.

Je, nilipoteza laki nne kwa sababu sikusoma? Hapana jamani. Mama huyu ameishia darasa la nne. Nilizipoteza kwa sababu Jado aliniambia kitu kizuri na Mama alikuwa ananiambia kitu cha kweli, na kile kizuri kilikuwa kimevaa viatu vile.

Sasa tufike kwenye hii sherehe yenyewe. Inapendeza. Kitambaa, soda, kikapu cha agaseke cha zawadi. Lakini Mama Mukandutiye alikuwa ametuambia tangu mwaka jana kwamba ataondoka mwezi wa tatu ujao, hati ikikomaa, akishaturudishia milioni sita mkononi, ndipo aende kwa mwanawe Kanzenze na sehemu yake akatibiwe magoti. Mwezi wa tatu! Sisi leo tuko mwezi wa kumi na moja. Kwa nini tunamuaga mwezi wa kumi na moja? Mwenyekiti alituambia ni kwa huruma ya magoti. Magoti hayo yamesimama Petite Barrière miaka ishirini na mbili na beseni la sambaza kichwani, na hatukuyaonea huruma hata siku moja. Imekuwaje huruma ije ghafla, wiki ile ile ambayo Mama alikataa kusaini barua?

Wageni hamjui barua gani. Wanakikundi wengi pia hamjui. Ninayo hapa, mfuko wa koti.

Ni barua ya kuiuza hati fungani yetu leo, kabla ya kukomaa, ili milioni sita ziingie kwenye mradi wa Ndugu Jado. Kuuza inaruhusiwa, si dhambi. Lakini anayenunua hati miezi minne kabla ya siku yake hanunui kwa mapenzi. Ni kama kumuuzia mtu shamba la viazi pale Bugeshi wakati viazi bado viko udongoni na anajua unataka pesa leo: bei anataja yeye. Wakala anayeinunua ameandika hapa: kwa kila laki moja atatupa elfu tisini na tano. Laki tatu zimeanguka. Riba ya mwezi wa tatu ataichukua yeye. Na Mama, ambaye sehemu yake imo humo, angetibiwa magoti kwa système ya Jado.

Mama alikataa. Mtunza hazina akikataa, barua haiendi. Basi tukamhurumia magoti, tukamchagua Dada Uwera mahali pake, naye akasaini siku aliyopewa ufunguo. Rutagengwa alisaini kwanza. Imebaki nafasi moja, imechorewa mstari, na chini yake wameandika jina langu vizuri, hata cheo wameniongezea. Niliambiwa nisaini baada ya chakula. Jado amenitembelea mara mbili wiki hii, akaniahidi laki nne zangu zitarudi za kwanza kabisa. Na mimi, wapendwa, jana nilikuwa nimekubali. Nawaambia kama ndugu. Nilishafikiria hata Laurence nitamwambia nimezipata wapi.

Kilichonibadilisha si maono. Asubuhi ya leo nilimpitia Mama nimsaidie kubeba lile sanduku, lililohamia kwake tangu lilipobaki na karatasi tu. Nikamuuliza, “Mama, huna hasira nasi?” Akasema, “Nina, sana. Lakini magoti yananiuma zaidi. Shika huko nyuma, tuende.” Na tulipoliinua, jepesi kama kikapu kitupu, nikaona aibu ya miaka minne na nusu kwa mara moja. Nilikuwa nimevaa ufunguo wa sanduku lisilo na kitu, na leo ndiyo siku ya kwanza shingo yangu ina kitu cha kufunga.

Bwana Mwenyekiti, usisimame, sijamaliza na dakika zangu zimebaki mbili. Sitasaini. Barua itakaa mfukoni humu hadi mwezi wa tatu, siku pesa itakapokuja yenyewe kwa miguu yake. Siku hiyo tutahesabu mbele ya wote kama zamani, kila mtu apewe yake, na anayetaka kumpa Jado ampe yake, si ya magoti ya mwenzake. Mkitaka kunitoa cheo kabla ya hapo, nitafutieni ugonjwa. Nawapendekezea mgongo.

Mama Mukandutiye, wamekupa agaseke. Mimi nakupa huu ufunguo, na kamba yake. Haufungui kitu cha maana, unajua. Lakini mwezi wa tatu uuvae ukija kuchukua chako, upite mbele ya watu wote, polepole kama magoti yanavyotaka, nasi tutasimama hadi ukae.

Mwakilishi wa sekta, nashukuru kwa kuwa shahidi bila kujua. Mchungaji, ule mfungo wangu nitakuja tuuongee. Na nyote mlionipa masikio nawashukuru, hata wale walionyamaza kwa hasira. Sasa chakula kiletwe, mimi nimesahau kalamu nyumbani.