Nusu ya Uso wa Refugio

Baada ya miaka thelathini na minane nyuma ya kamera, Don Evaristo Zaldívar anastaafu Ijumaa hii, tarehe 31 Oktoba. Ingefaa tushangilie. Mimi Crisanto, fundi wake wa taa, nimejaribu nikashindwa.

Alianza hapa studio ya Coyoacán kwa kubeba vyuma vya kamera, akaishia kuwa mpigapicha wa filamu ambaye waongozaji walikubali kumngoja mwaka mzima. Mtindo wake mnaujua: anga kubwa, watu wadogo chini kabisa, na uso unaopata mwanga upande mmoja tu, upande wa pili giza totoro. Kila nilipoongeza taa alinguruma, "Crisanto, umefungua bucha? Zima!" Kule Sonora alitukalisha jangwani tukisubiri wingu moja mpaka tamale zetu za unga wa mahindi zikachacha. Wingu likaja, na picha ile hakuna aliyeisahau.

Mkewe, Refugio, alikuwa mwigizaji wetu. Don Evaristo alimpiga picha katika filamu kumi, na katika zote kumi ni nusu uso. Siku moja pazia la studio lilianguka, jua likammwagikia uso mzima, naye akaangua kicheko. Don Evaristo akafoka, "Kata! Kipande hicho tupeni!" Refugio akamjibu mbele yetu sote, "Tupa tu, mzee. Iko siku utanitafuta kwa tochi." Tulicheka sana siku ile.

Refugio tulimzika Machi. Jumapili ni Siku ya Wafu, marehemu wanaporudi kuwatembelea walio hai wakiongozwa na picha zao, na meza aliyoandaliwa nyumbani ina mishumaa, maua ya manjano na mchuzi wa mole alioupenda. Picha haina. Kinyozi hajinyoi, nyumbani kwao hakuna aliyewahi kushika kamera. Nilimshauri atumie picha ya filamu. Akanijibu, "Nilimficha kwa mikono yangu mwenyewe, Crisanto. Sasa aje nusu?"

Tumepekua ghala lote. Kipande kile kilitupwa kweli, kama alivyoamuru.

Kwa hiyo saa ya ukutani tuliyokusudia kumzawadia tumeiacha. Yeyote aliyepiga picha na Refugio, harusini, kantini, popote pale, aje nayo Ijumaa. Tafadhalini sana.

Asante, Don Evaristo, kwa kazi yote. Tunakuombea mapumziko mema na nyumba isiyokuwa na ukiwa. Ikipatikana picha hata moja, nitaimulika pande zote mbili, na safari hii usiniambie nizime.