Mugeni, Aliyeonja Kwanza

Kwa miaka ishirini na saba marehemu Verediyana Mugeni aliitwa muuaji wa mumewe, na waliomwita hivyo walijua kuwa si kweli.

Alizaliwa tarehe 12 Aprili 1930 katika kilima cha Nyarusange, Kibungo. Alisoma shule ya misheni miaka mitatu, kisha akaachishwa ili alee wadogo zake. Mwaka 1949 alifunga ndoa na Sibomana, wakajaliwa watoto wawili, Uwimana na Kayitesi.

Tarehe 8 Juni 1965 aliwakaribisha mumewe na shemeji yake, Jean-Bosco, pombe ya ndizi. Aliionja kwanza mbele ya majirani, kama desturi inavyomtaka mwenyeji, ili ijulikane kuwa haina sumu. Ndugu hao wawili waliondoka kwenda kukagua mpaka wa shamba walilokuwa wakiligombania. Sibomana alirudishwa maiti. Jean-Bosco alitamka neno moja, sumu, na kilima kizima kikalipokea. Mjane alifukuzwa pamoja na watoto wake. Shamba lilibaki kwa Jean-Bosco.

Huku Kigali, mtaani Biryogo, aliuza chai na mandazi. Hakuacha kuonja kila alichomimina kabla ya kukitoa, hadi jirani yake Maneno, fundi cherehani, akamtania: "Mama Uwimana, wewe unauza chai au unainywa? Nijazie hapo!" Alicheka, akajaza, akaonja tena.

Watoto wake waliomba kesi ifunguliwe. Septemba 1992 kaburi la Sibomana lilifukuliwa, na fuvu lilikutwa limepasuka kisogoni. Sumu haipasui fuvu. Bibi Uwineza, aliyeshiriki kuosha maiti mwaka ule wa 1965, aliulizwa kwa nini alinyamaza.

"Damu tuliiona sote, mwanangu," alijibu. "Na pombe aliionja, tulimwona. Lakini nililima kwa Jean-Bosco; ningesema, ningelima wapi?"

Kimya hicho kinachefua kuliko uongo wenyewe.

Jean-Bosco alikamatwa tarehe 19 Novemba. Mugeni, ambaye tayari alikuwa kitandani kwa ugonjwa wa moyo, alisema tu, "Basi na waje wanywe." Alifariki tarehe 3 Februari 1993.

Wamekuja. Jana, hapa msibani, watu wa Nyarusange walipewa chai, nao wakakaa wakiitazama mpaka mwenyeji aionje. Inatia kinyaa.

Marehemu ameacha watoto wake, Uwimana na Kayitesi, na wajukuu watano. Alale kwa amani, jina lake likiwa safi. Kuanzia leo, Jumamosi tarehe 6 Februari 1993, nyumbani kwake hakuna kikombe kitakachoonjwa kabla ya kumfikia mgeni.