Remi Vasselin na Wimbo wa Mwalimu Lugembe

Ndugu waombolezaji, marehemu Remi Vasselin alizaliwa tarehe 11 Machi 1949 katika mji wa Troyes, Ufaransa, akiwa mtoto wa pili wa fundi viatu. Alisomea uigizaji mjini Lyon kuanzia 1968 hadi 1971, akaifanya kazi hiyo miaka ishirini na mitano, mara nyingi akiwa mhudumu wa hoteli, askari au maiti, isipokuwa mwaka 1979, alipoigiza katika filamu ya televisheni kama mtunzi wa muziki katika jumba la mfalme wa zamani, akajifunza kupunga mikono kama kiongozi wa wanamuziki mbele ya kioo kwa miezi minne, bila kujifunza nota hata moja.

Alifika Tabora Agosti 1996 pamoja na wapiga filamu waliokuja kijiji jirani cha Kwihara kwa habari za njia ya zamani ya misafara ya biashara, akakutana na Koleta, aliyekuwa akiwapikia, wakafunga ndoa tarehe 14 Juni 1997, wakajaliwa pacha, Kulwa na Doto, tarehe 2 Februari 1999.

Mwaka 2003 wazee wa kigango chetu, baada ya kuitazama filamu ile na kudhani ni mwanamuziki kweli, walimkabidhi kwaya, wakamhamishia kwenye kinanda Mwalimu Ezekia Lugembe, aliyeiongoza na kuitungia nyimbo tangu 1988. Marehemu hakukataa. Akina mama wa sauti ya kwanza walinong'onezana, "Baba Kulwa anatupepea tu, mwenzangu, we mtazame Mwalimu," naye akasikia, akaanza kumwonea wivu mtu ambaye nafasi yake alikuwa ameichukua yeye. Wivu ulizidi siku alipomsikia Koleta uani, akipeta mchele, akiimba "Tuutue Mzigo", wimbo wa Mwalimu, kwa sauti ambayo yeye mumewe hakuwahi kuisikia. Wiki hiyohiyo, Oktoba 2011, aliletewa jalada la sidii ya kwaya alikague kabla halijachapwa, akakuta wimbo huo umeandikwa kuwa utunzi wake yeye marehemu, akatia sahihi. Mwalimu aliendelea kupiga kinanda kila Jumapili, ila nyumbani kwa marehemu, hapa Ipuli, hakukanyaga tena.

Figo zilianza kumsumbua marehemu Novemba 2023. Tarehe 2 Mei 2025 Mwalimu alikwenda kumwona wodini, marehemu akamwambia, "Mwalimu, wimbo ule ni wako, na nilipotia sahihi nilijua." Mwalimu akajibu, "Sasa mimi unaniambia nini, mzee mwenzangu? Waambie wao wanaouimba." Marehemu alifariki tarehe 9 Mei, saa nne asubuhi, akiwa amemwagiza Koleta kwamba haya yote yasomwe.

Hivyo familia inatamka mbele yenu kuwa "Tuutue Mzigo" ulitungwa na Ezekia Lugembe. Tumemwomba auongoze leo kaburini, hadi tunaandika historia hii alikuwa hajajibu, nasi hatumlaumu.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi, majirani wa Ipuli, wanakwaya, na waigizaji wenzake waliotuma salamu kutoka Ufaransa.

Baba Kulwa, uliyoagiza yamesomwa. Sasa pumzika kwa amani.