Mkono Ndani ya Koti la Gundi

Benchi la kijiwe limeegemea kibanda cha fundi viatu, waliyembandika jina la Gundi kwa kuwa akishakaa hang'oki. Tangu afiwe na mkewe alikuwa amepungukiwa maneno. Alishona soli zake huku wenzake wakibishana juu ya vikombe vya kahawa. Asubuhi moja ya baridi alifika na koti la mtumba, zito, la kijivu, akawaambia kwa sauti ya chini kwamba ukitia mkono mfuko wa kulia, kuna mkono mwingine unakupokea.

Wakamcheka mpaka kahawa ikamwagika. Breki, dereva mstaafu wa malori, akatia mkono ili amuumbue. Kicheko kikamkauka.

— Una joto, jamani. Umenibana taratibu, kama mtu anayekupa pole.

Hapo ubishi ukapamba moto. Mwalimu, ambaye hakuna jambo asilolijua, alidai ni umeme wa sufu. Breki akashikilia kuwa ni mwenye koti, huko aliko, kavaa koti pacha wa hili na kutia mkono mfukoni. Mwalimu naye akatia mkono, akageuza kibao: humo mna mtu mzima, umetangulia mkono tu, mwili uko njiani. Hilo likawatia baridi. Wakakubaliana, jambo lisilowahi kutokea pale, kwamba koti lichomwe.

Gundi hakupinga. Alijua si mkono wa marehemu mkewe. Wake ulikuwa mwembamba, huu una vidole vifupi vya mchapakazi. Lakini tangu alinunue koti, siku chache nyuma, alikuwa akirudi nyumbani ameshikwa mkono, na akifungua mlango, hakusita tena kizingitini. Angeanzaje kuyasema hayo mbele ya wanaume wenzake? Akalivua, akamkabidhi Breki, ambaye kiberiti chake kilikuwa tayari mkononi.

Muuguzi mmoja, aliyefuata viatu vyake vya kazini, alikuwa kando akiwasikiliza.

— Samahani, wazee wangu. Na huyo mwenzenu wa mfukoni, akiutafuta mkono wa fundi akaukosa, itakuwaje?

Breki akamtazama Mwalimu. Mwalimu akachungulia kikombe chake, kilichokuwa kitupu.

Mwishowe Breki akaficha kiberiti, akamvisha Gundi koti, akamfunga na vifungo kabisa, mpaka cha shingoni.

— Haya, mpe mkono, alisema. Tumemweka sana mwenzetu akisubiri.