Nyama Iliyofichwa kwenye Leso

Kwenye basi la kwenda Namwon, mkesha wa sikukuu ya mavuno, Bok-sun alikuwa amepakata sufuria iliyofungwa kwa kitambaa. Ndani mlikuwa na mbavu za ng'ombe. Mwaka jana mama mkwe wake, aliyebakiwa na meno manne, alizisifu mbavu zake mno, kisha Bok-sun akaja kuikuta nyama yote imefichwa kwenye leso.

"Nyama umeilainisha kwa kitu gani?" akauliza mama wa kiti cha pembeni, ambaye pua yake ilikuwa imeshafika kwenye mfuniko.

"Kwa tunda la kiwi, dada. Nyama imelala nayo usiku kucha, alfajiri nikaipika."

"Usiku kucha! Mwenzangu, huo ni uji! Kiwi ni nusu saa tu. Wanaolala bila wasiwasi ni sisi tunaolainisha kwa tunda la peasi."

Moyo wa Bok-sun ukazama. Akafungua fundo, akavuta ubavu mmoja. Mfupa ukachomoka wenyewe, mweupe. Nyama ikabaki nzima, ikitetemeka. Bok-sun akashusha pumzi, akammegea jirani.

Yule mama akatafuna kwa heshima, ingawa cha kutafuna hakikuwapo. "Hii si kiwi."

"Kiwi, nakuapia! Kipande kama ukucha tu."

"Kwa peasi ingekuwa tamu zaidi."

"Mbona unalamba vidole?"

"Nalamba mchuzi. Nyama sijaisifu."

Basi likasimama. Mama mkwe alikuwa kituoni akingoja, leso mkononi. Bok-sun akashuka akicheka peke yake. Leo leso hiyo ingefuta midomo tu.