Barua Aliyosomewa Dama

Kwa Chome mambo yaliharibika Jumatano, tarehe 11 Machi 1964, mkewe Dama aliposhikwa na uchungu na mzee wa kanisa akakataza asipelekwe hospitali. "Paulo ameandika kuwa mwanamke ataokolewa kwa uzazi wake," alisema, akafunga kitabu. Alhamisi Dama alizikwa, na mtoto kifuani.

Mwaka uliofuata, ndani ya basi la Msambweni, Chome aliketi ubavuni mwa kijana mwenye Biblia mapajani. Hata salamu hazijaisha, alikwisha kumsimulia yote.

"Pole sana, mzee," alisema kijana, ambaye alikuwa mwalimu. "Lakini wataalamu wengi wanasema barua yenye maneno hayo hakuiandika Paulo. Wafuasi wake waliiandika yeye ameshakufa, wakatia jina lake."

Chome alilielewa jambo hilo upesi. "Nilipokuwa kibarua wa miwa, karani aliniandikia barua, mimi nikatia dole gumba. Lakini nilikuwa hai, mwalimu!"

"Walitia jina lake ili isikilizwe."

"Basi ilisikilizwa."

Bi Mwanafatuma, mwenye kapu la samaki kiti cha mbele, aligeuka. "Yarabi! Na huyo mzee wenu hakuuliza nani kaandika?"

"Wakubwa hawaulizi, bibi. Tunauliza sisi, tukishazika."

Basi liliposimama, mwalimu aliinuka. Chome akamshika mkono wa shati.

"Ngoja, mwanangu. Kama si Paulo, ni nani basi aliyemwandikia Dama wangu?"