Bi Zakiya na Theluji ya Tezo

Na Linet Pola, idara ya mavazi

Tarehe 31 Julai 2025 Bi Zakiya Hamad anakabidhi funguo za karakana, baada ya miaka thelathini na mmoja katika kampuni yetu ya filamu hapa Malindi. Aliingia mwaka 1994 kama mpaka rangi. Anaondoka akiwa mbunifu mkuu wa mandhari: kila nyumba, duka na mahakama mliyoiona katika filamu zetu, ni yeye aliyeichora na kuisimamia mpaka ikasimama.

Kwa ukali hana mfano. Ukuta ukipakwa rangi ukang'aa, atakurudisha uuchakaze. Jikoni ataka masizi, mlangoni ataka alama za vidole vya watoto. Mwongozaji mmoja alimwambia kamera haitafika ndani ya kabati. Bi Zakiya akajibu kuwa mwigizaji atafika, na kabati likajazwa vyombo.

Lakini wallahi, kazi iliyomfanya awe huyu tunayemjua ni ile iliyomharibikia. Mwaka 2003 tulihitaji theluji, kwa filamu ya mwanafunzi aliyekwenda ughaibuni. Akaagiza malori mawili ya chumvi kutoka Marereni, tukaimwaga juu ya maturubai katika shamba la Mama Kahonzi, kule Tezo. Ilipendeza, jamani! Kesho yake, kabla hatujaizoa, mvua kubwa ikanyesha, maturubai yakachanika na chumvi ikazama ardhini. Msimu uliofuata Mama Kahonzi alipanda mahindi, hata mche mmoja haukuota.

Kampuni iliomba radhi, ikaendelea na filamu nyingine. Bi Zakiya alikataa katakata. Alisema mtu hawezi kuua shamba la mwenzake kisha akaenda zake. Kila Jumamosi, kwa miaka mitatu, alikwenda Tezo na jembe lake, akachimba udongo ulioharibika na kuleta mwingine, pamoja na samadi. Mwanzo hata shikamoo yake haikuitikiwa. Mwaka wa pili akakaribishwa uji. Mwaka wa tatu wakapanda pamoja, na mahindi yakaota.

Tangu hapo hakuna ratiba ya Bi Zakiya isiyo na siku za kurudisha mahali kama tulivyopakuta. Waandaaji walinung'unika, mmoja akatishia kumfuta kazi. Hakubanduka. Leo, kutoka Mnarani hadi Marereni, watu hutufungulia nyumba na mashamba yao wakisikia tu kwamba yeye yupo.

Ahsante, Bi Zakiya. Tutakukosa sana, pamoja na ukali wako. Mungu akujaalie afya na mapumziko marefu, ingawa sisi hatuamini kwamba utapumzika.

Mahindi ya kuchemsha tutakayokula kwenye sherehe yametoka shamba lile lile, gunia zima, zawadi ya Mama Kahonzi. Ametuma na ujumbe: chumvi tutafute wenyewe, yeye alishaletewa ya kumtosha.